Jinsi ya Kuandika Msimbo wa Kiwiko Kilichoteguka kwa ICD-10-CM

Habari zenu, karibuni. Leo tunaandika msimbo wa kiwiko kilichoteguka, tukitumia ICD-10-CM, orodha ya misimbo ya magonjwa na majeraha inayotumika Marekani tangu tarehe 1 Oktoba 2015. Video hii ni ya ninyi mnaosomea kazi hii huko, au mnaojiandaa kuzifanyia kazi kliniki za huko.

Kabla hujagusa orodha ya misimbo, fungua maelezo ya daktari. Kwenye skrini nimeweka mfano niliotunga: "Mgonjwa aliteleza jikoni, kwenye nyumba yake ya familia moja, akaangukia mkono. Maumivu upande wa ndani wa kiwiko cha kulia. Ligamenti ya alna imeteguka, haijakatika." Yasome mara mbili, taratibu. Kila utakachoandika kitoke humo.

Tuanze na kilichoumia. Alna ni mfupa wa mkono wa chini, upande wa kidole kidogo. Ligamenti hushika mfupa na mfupa mwenzake, nayo ikivutwa kupita kiasi tunaingia kundi la S53.4. Kama kilichovutika ni msuli au kano ya eneo hilo, basi uko S56, kundi jingine kabisa. Mliofunzwa kwa ICD-10 ya Shirika la Afya Duniani, hapa muwe macho: kule S53.4 imebeba yote mawili. Marekani wameyatenganisha, na ukiyachanganya umempa mgonjwa jeraha asilokuwa nalo.

Sasa ingia kwenye faharasa, tafuta jeraha la kuteguka, kisha kiwiko. Itakupa S53.40. Usinakili hiyo ukaondoka! Nenda kwenye orodha kuu, usome yote yaliyo chini ya S53.4. Nafasi ya tano ndiyo inayotaja sehemu: 0 ni kiwiko bila ufafanuzi, 1 ni kiungo cha radiasi (mfupa wa mkono wa chini, upande wa kidole gumba) na humerasi (mfupa wa mkono wa juu), 2 ni cha alna na humerasi, 3 ni ligamenti ya upande wa radiasi, yaani upande wa nje, 4 ni ya upande wa alna, ndani, na 9 ni aina nyingine. Daktari wetu ameitaja ya alna, basi tuna S53.44.

Nafasi ya sita ni nyepesi: 1 kulia, 2 kushoto, 9 haikutajwa. Sisi tunapata S53.441. Hiyo 9 ipo, lakini siipendi hata kidogo kwenye kiwiko. Daktari alikishika kile kiwiko, anajua ni cha upande gani, na bima nyingi huyatilia shaka madai yasiyotaja upande. Muulize, na swali liwe wazi: "Daktari, ni kiwiko cha upande gani?" Usimwambie, "Ni cha kulia, sivyo?" Hapo utakuwa umeshamjibia.

Nafasi ya saba ndiyo inayowasumbua wengi, kwa hiyo tukae hapa kidogo. Kuna A, D na S. Utasikia watu wakisema A ni ziara ya kwanza. Sivyo. A ni kwa kipindi ambacho jeraha lenyewe bado linatibiwa. Mgonjwa akitoka chumba cha dharura, wiki ya pili akaonwa na daktari wa mifupa anayempima upya na kumpangia tiba, bado ni A. D huja jeraha likiwa katika kupona na mgonjwa anafuatiliwa tu, kwa mfano anapohudhuria mazoezi ya viungo. S ni kwa athari iliyobaki jeraha likishapita. Tuseme kiwiko kimebaki kigumu: unatanguliza ugumu wenyewe, M25.621 kwa kiwiko cha kulia, halafu S53.441S.

Mgonjwa wetu ndiyo kwanza anatibiwa, hivyo jibu ni S53.441A.

Ongeza chanzo. Kuteleza na kuanguka bila kujigonga kwenye kitu ni W01.0XXA, na jikoni kwenye nyumba ya familia moja ni Y92.010. Msimbo wa mahali huandikwa mara moja tu, mgonjwa anapoanza kutibiwa. Hakuna sharti la nchi nzima la kuandika vyanzo, ila baadhi ya majimbo na bima huvitaka, kwa hiyo uliza unapofanyia kazi.

Je, daktari akiandika "huenda kiwiko kimeteguka"? Kwa wagonjwa wa nje, "huenda" haipewi msimbo wa ugonjwa. Andika kinachojulikana, yaani maumivu: M25.521 kulia, M25.522 kushoto. Wanaolazwa hospitalini wana kanuni yao tofauti, hiyo tusiichanganye hapa.

Sasa zoezi, simamisha video ujaribu. Mrusha mpira wa besiboli alisikia kitu kikikatika kwenye kiwiko cha kulia aliporusha. Kipimo cha MRI kimeonyesha ligamenti ya alna imekatika, na daktari ameandika kuwa ni jeraha la ghafla. Ni ligamenti ileile ambayo daktari Frank Jobe alimfanyia mrusha mpira Tommy John upasuaji mwaka 1974.

Umeandika S53.441A? Rudi kwenye neno "imekatika". Kukatika kwa ligamenti ya alna kuko S53.3, na ya kulia ni S53.31. Hapo una nafasi tano tu, na A lazima ikae ya saba, kwa hiyo ya sita inajazwa X: S53.31XA.