Kihamba Hakina Soko: Mhadhara Kuhusu Fidia ya Ardhi, Moshi

Shikamooni wazee wangu. Kina mama, poleni na shamba. Nimefanya kazi ya uthamini wa ardhi kwa miaka mingi na sasa nimestaafu, kwa hiyo leo nitasema juu ya fidia ya ardhi, hasa ya kihamba, yaani shamba la ukoo la nyumbani lenye migomba na kahawa, bila kugeuka kuangalia nani amesimama mlangoni.

Nianze na lile linalowaudhi wengi. Ardhi yote ya Tanzania ni ya umma, Rais ndiye mdhamini wake. Ndivyo inavyosema Sheria ya Ardhi ya 1999. Mzee mmoja wa Uru nilipomwambia hivyo alinijibu, "Basi huyo mdhamini aje apalilie migomba." Nilicheka sana. Lakini hoja yake ilishapata jibu, tena hapo jirani Arusha, Mahakama ya Rufani ilipokaa mwaka 1994 kusikiliza rufaa ya Mwanasheria Mkuu dhidi ya Lohay Akonaay na mwenzake. Jaji Mkuu Francis Nyalali na majaji wenzake walisema haki ya kumiliki ardhi kimila ni mali kamili, inayolindwa na Ibara ya 24 ya Katiba. Vinginevyo, walisema, Watanzania walio wengi wangekuwa kama wavamizi katika nchi yao wenyewe. Kwa hiyo wewe usiye na hati, mwenye masale tu, ile mimea ya kuonesha mpaka, una mali. Na ukimsikia mtu mkutanoni anasema serikali "itawasaidia kidogo" wanaopisha mradi, mrekebishe kwa adabu. Fidia ni malipo ya chako kilichochukuliwa.

Sheria inataka fidia iwe kamili, ya haki, na ilipwe mapema. Kanuni za mwaka 2001 zinaeleza namna ya kuikokotoa. Kwanza thamani ya ardhi na maendelezo yake kwa bei ya soko. Juu yake kuna posho ya usumbufu: unachukua ile thamani, unaizidisha kwa wastani wa riba ambayo mabenki ya biashara yanatoa kwa amana ya miezi 12. Kuna usafiri wa mzigo wa tani 12 ndani ya kilomita 20. Kuna posho ya makazi, kodi ya nyumba kwa miezi 36. Mwenye duka naye ana faida yake ya miezi 36, lakini aoneshe hesabu zilizokaguliwa, na hapo ndipo wenye vibanda wengi wanapokwama.

Tuchukue mfano wa kubuni. Mali yako imethaminiwa shilingi 20,000,000. Riba tuseme ni asilimia 8: usumbufu ni 1,600,000. Nyumba kama yako hupangishwa kwa 100,000 kwa mwezi: makazi ni 3,600,000. Tumefika 25,200,000 na lori hatujaligusa. Anayekuletea karatasi yenye ile 20,000,000 peke yake amekupunguza zaidi ya milioni tano. Ila kama eneo halikaliwi na mtu, ni shamba tu, usafiri na makazi usivitarajie.

Sasa hiyo bei ya soko. Mthamini huitafuta kwa kuangalia mauzo ya karibuni ya maeneo yanayofanana. Kule tambarare ni rahisi, viwanja vinauzwa kila wiki. Panda huku juu, Kibosho, Marangu, Old Moshi. Nani anauza kihamba? Anayeuza huuza kwa ndugu, kwa bei ya kindugu, au huuza kwa shida, usiku, wazee wasijue. Halafu mimi mthamini nachukua bei ile ya shida naiandika kuwa ndiyo soko! Nimefanya hivyo, sitawaficha.

Lakini kanuni zilezile zina mlango ambao wengi hawaubishi hodi. Zinasema mali ikiwa ya aina ya pekee, isiyouzika, mthamini anaweza kutumia gharama ya kuirudishia upya. Kwa mazoea tunatumia njia hiyo kwa makanisa, misikiti na shule. Mimi nadai kihamba nacho ni mali ya aina hiyo. Mgomba juu ya kahawa, kahawa juu ya magimbi, mfongo, yaani mfereji wa maji, unaopita kwa zamu ukoo kwa ukoo: jiulize itagharimu kiasi gani kukipata tena kitu kama hicho, na miaka mingapi. Wenzangu wengine hawakubaliani nami. Hata hivyo iandikeni hoja hiyo katika madai yenu, iwepo kwenye jalada.

Kuhusu barabara nitasema kwa kifupi, maana naona wa Himo na Njia Panda mmekuja wengi. Sheria ya Barabara ya 2007 ilipanua hifadhi ya barabara kuu, ile ardhi iliyotengwa kwa ajili yake, kutoka mita 45 hadi 60, yaani mita 30 kila upande. Aliyekuwa nje ya hifadhi ya zamani akajikuta ndani ya mpya, huyo anastahili kulipwa. Ndiyo maana ya X ya kijani ukutani. X nyekundu ni ya aliyehesabiwa kuwa aliifuata barabara, alijenga ndani ya hifadhi, na huyo halipwi. Ukipakwa nyekundu na nyumba yako ni ya zamani, usigombane na kijana mwenye brashi. Tafuta ushahidi wa mwaka uliojenga.

Fidia isipolipwa ndani ya miezi sita tangu tathmini ipitishwe, inaanza kudai riba. Ikipita miaka miwili bila malipo, tathmini imekufa, inafanywa upya kwa bei za siku hiyo. Wekeni nakala zenu za fomu, zenye tarehe. Wala msitegeshe: vile vijiche vya migomba vinavyochomekwa usiku wa kuamkia tathmini tunavijua, na vinatufanya tuwatilie shaka hata majirani waaminifu.

Mama ameuliza habari ya makaburi. Mwaka mmoja nilimaliza kuhesabu kihamba, nimefunga fomu, bibi akanishika mkono hadi nyuma ya nyumba, akanionesha mawe matatu chini ya mgomba. Mume, mkwe na mtoto mchanga. Hakuna aliyekuwa ameyataja. Nilifungua fomu tena. Ipo Sheria ya Kuhamisha Makaburi ya 1969, na gharama inazozikubali si kufukua, kusafirisha na kuzika upya tu. Imetaja na matambiko. Kwa hiyo mbuzi, pombe ya mbege, wazee wa ukoo kusafiri, yote hayo yaorodheshwe kwa shilingi, na mwenyekiti wa kitongoji awepo mnapoyahesabu mawe.