Jinsi ya kulala peke yako kwenye kibanda cha mbao Marangu, mwezi wa saba

Karibuni ndugu zangu. Hapa ni juu Marangu, kwenye mteremko wa Mlima Kilimanjaro, karibu na msitu, mita 1,800 hivi. Kila ukipanda mita 1,000 joto hupungua kama nyuzi 6, kwa hiyo sweta lililokutosha Moshi mjini, huku halitoshi.

Anza saa 10 jioni. Jua huzama saa 12 na nusu, ila ukungu unaweza kuwahi kuliko giza. Ingiza kuni kwanza, zisilowe kwa ukungu. Hizi ni za mgrivea, zimepasuliwa na kukaa chini ya bati. Gonga mbili hivi: zikilia kwa sauti kali, zimekauka.

Sasa njoo ukutani. Usiku upepo hushuka kutoka mlimani, kwa hiyo ziba nyufa za upande huu wa juu kwa matambara. Upande wa chini acha dirisha wazi kidogo, upana wa vidole vinne. Usilizibe hata ukitetemeka.

Pika nje. Mimi leo nina mtori. Ukimaliza, chemsha maji, jaza chupa ya chai, yanayobaki tia kwenye chupa ngumu ya kulalia miguuni. Funga kifuniko vizuri, izungushie soksi.

Hapa naomba mnisikilize sana. Jiko la mkaa linabaki nje. Hata mkaa ukiwa umeshika vizuri na hautoi moshi, unatoa hewa ya sumu isiyo na rangi wala harufu. Mwaka wangu wa kwanza niliweka jiko karibu na mlango nikajilaza. Niliamka kichwa kinaniuma ajabu, natapika, miguu haina nguvu, nikatambaa hadi nje. Mkiwa wawili mmoja anaweza kumshtua mwenzake. Peke yako hakuna wa kukushtua. Ukihisi kichwa kinauma na kizunguzungu, toka kwanza, mengine baadaye.

Kitandani, tandika vingi zaidi chini kuliko unavyojifunika juu: gunia, majani makavu ya migomba, kisha godoro. Baridi ya sakafu hupenya godoro jembamba. Badilisha nguo zote zilizolowa kwa ukungu, vaa kofia.

Mwisho, simu. Sola haichaji vizuri kwenye mawingu, kwa hiyo zima simu mchana. Saa 2 usiku nampigia mama mdogo kule chini, na tena saa 1 asubuhi. Asiponisikia asubuhi, anamtuma kijana apande. Ngoja nimpigie sasa hivi. Haloo, shikamoo mama mdogo...