Kipande cha Babu: Mhadhara kuhusu Waliovuka Ruvuma

Wazee wangu, shikamooni. Vijana, hamjambo? Asanteni kwa kuja, maana huu ni msimu wa korosho na kila mtu ana mnada wa kufuatilia.

Basi nianze na hiyo korosho. Mkorosho asili yake ni Brazil. Wareno waliuleta Msumbiji katika karne ya 16, nasi tukaupata kwa jirani. Leo Newala na Tandahimba watoto wanasomeshwa kwa mti huo. Mti tuliupokea bila maneno. Kwa watu tumekuwa na maneno mengi, na hao, Wamakonde waliovuka mto Ruvuma kutoka Msumbiji, ndio walionileta hapa leo.

Babu yangu mzaa mama alivuka Ruvuma akiwa kijana, akatokea uwanda wa Mueda. Kule Mreno alitoza kodi, aliwashika watu kazi za lazima, akawalimisha pamba kwa shuruti. Huku Lindi na Mikindani kulikuwa na mashamba ya mkonge yenye njaa ya vibarua. Wenyeji wengi walikuwa na mihogo na mtama wao, hawakuwa na sababu ya kuamkia kwenye miiba ya mkonge. Kwa hiyo manamba wakawa wale wa ng'ambo. Walipewa kipande, kadi ya siku 30 za kazi. Siku zikitimia ndipo mshahara unatoka. Mkonge ulikuwa zao kubwa la kuiletea Tanganyika fedha za kigeni, na sehemu ya fedha hiyo ilitoka kwenye mikono ya Wamakonde hao tuliokuwa tukiwaita Wamawia, jina ambalo wengi wao hawakulipenda kabisa.

Hawakuja na mikono mitupu. Walikuja na mapiko, ngoma ya vinyago vya kichwani, na walikuja na patasi. Hapa naomba mnivumilie kidogo. Mnakijua kile kinyago cha mpingo chenye watu waliobebana, huyu juu ya mabega ya yule, hadi juu kabisa? Kinaitwa ujamaa. Mtindo ule ulikua hapa Tanzania, mikononi mwa wachongaji waliotoka Msumbiji. Nchi ilipotaka kuuonyesha ulimwengu siasa yake, ilitoa zawadi ya kinyago kilichochongwa na mgeni. Kila nikikiona nasisimka, kwa sababu mgeni huyo aliielewa nchi hii vizuri kuliko wengi waliozaliwa ndani yake.

Mwaka 1964 vita vya ukombozi vikaanza ng'ambo, na safari hii wakavuka wakimbizi. Walipewa ardhi Rutamba, hapo Lindi, wakalima. Nachingwea, ambako Waingereza walikuwa wameshindwa na mradi wao wa karanga, pakawa kambi kuu ya mafunzo ya FRELIMO, chama kilichopigania uhuru wa Msumbiji. Sheria ya kwanza ya wakimbizi ya nchi yetu ni ya mwaka 1965, na wimbi hilo lilikuwa moja ya sababu zake. Hata vijiji vya ujamaa vya mpakani, ambavyo mkoa wetu uliwahi kuvianzisha, vilikuwa pia njia ya kuwakusanya watu mahali pa usalama Mreno aliposhambulia. Mnaona basi: sera tunazodhani ziliandikwa Dar es Salaam, nyingine ziliandikwa na miguu ya watu waliovuka mto.

Sasa nifike penye uchungu.

Tulipopata uhuru tarehe 9 Desemba 1961, aliyezaliwa hapa na mzazi mmoja aliyezaliwa hapa alikuwa raia moja kwa moja. Ambaye wazazi wake wote wawili walizaliwa ng'ambo alitakiwa akajiandikishe ndani ya muda uliowekwa. Nani alikwenda kumwambia manamba asiyejua kusoma, katikati ya shamba la mkonge? Mama yangu mdogo, aliyezaliwa Lindi na kuzikia watoto wawili Lindi, aliulizwa dirishani babu yake alizaliwa wapi. Alijibu ukweli. Akarudi nyumbani bila kitambulisho.

Tangu mapigano ya Cabo Delgado, jimbo la Msumbiji ng'ambo ya mto, yaanze mwaka 2017, na hasa baada ya kijiji cha Kitaya kushambuliwa Oktoba 2020, swali hilo limezidi ukali. Sipingi ulinzi; waliouawa Kitaya ni ndugu zetu. Lakini bibi wa miaka 70 mwenye chale za Kimakonde usoni hawezi kugeuzwa mtuhumiwa kwa sababu ya chale zake.

Wenzetu wameshalitatua. Wamakonde wa Kwale, Kenya, ambao wazee wao walikwenda kwenye mashamba ya mkonge na miwa kama wa kwetu, walitembea hadi Nairobi Oktoba 2016 kudai vitambulisho. Wakapewa, na wakatambuliwa kuwa kabila la 43 la Kenya. Na sisi wenyewe, mwaka 2010, tulikubali kuwapa uraia Warundi zaidi ya 160,000 waliokimbia mwaka 1972. Tulichowafanyia wa Katavi na Tabora tunakiweza Lindi na Mtwara: maofisa waende vijijini, wazee watoe ushahidi, watu waandikwe.

Kipande cha babu ninacho hapa mfukoni. Siku zote 30 zimewekwa alama. Anayetaka kukiona aje mbele, ila akishike taratibu, karatasi imechakaa.