Usirudi nyuma, ingia

Haya jamani tusogeeni, wale wa kule njooni kivulini, jua la Mwanza saa hizi halina adabu. Leo kwenye karate yetu hakuna mateke ya juu. Leo naongelea jamaa ambaye ameshakufikia, yaani umbali wa kukushika shati.

Wengi wetu ngumi ikija tunarudi nyuma, moja kwa moja. Ya kwanza unaikwepa sawa, ya pili inakukuta, maana yeye anakuja mbele na wewe unaenda kinyumenyume, nani ana spidi? Mimi hilo somo nililipia jino, hili la pembeni hapa, msicheke.

Sasa mcheki mpagazi pale soko la samaki la Mwaloni Kirumba, ana gunia la dagaa kichwani, mwenzie anakuja kasi anamkabili, je anarudi? Wapi! Anageuza nyonga, bega linapisha, kichwa kimetulia, huyo kashapita. Wajapani hiyo wanaiita tai sabaki.

Dogo njoo. Nipige ya kulia, ya ukweli, usinionee huruma. Mmeona? Mguu wa kushoto umeingia mbele kwa pembeni, nusu hatua tu, niko nje ya mkono wake. Mkono wake sijaugonga, kiganja cha kushoto kimeusindikiza upite zake, na muda huohuo ngumi yangu ya kulia iko mbavuni, chini ya kwapa. Sio ukwepe halafu upige, ukishaweka "halafu" umechelewa. Na huo mkono wake wa kushoto? Uko mbali, mpaka ageuke mwili mzima, na akigeuka anakutana na kiwiko.

Watu wa Wado, mtindo mmojawapo wa karate, kule kusindikiza wanakuita nagasu. Otsuka, mwanzilishi wao, alikuwa mtu wa jujutsu, ule mchezo wa Kijapani wa kukabana na kuangushana, kabla hajaenda kujifunza karate kwa mwalimu Funakoshi mwaka 1922, ndo maana hakupenda kugongana na nguvu. Goju, mtindo mwingine wa karate, nao wana zoezi la kakie, mnagusanisha mikono, mnasukumana na kuvutana bila kuachana, unajifunza kusikia kwa ngozi, maana karibu namna hii macho yanachelewa sana.

Ila msikwepe kwa kuinamisha kichwa eti bondia, huku kwetu goti linakusubiri.

Haya wawili wawili, vua saa na pete, taratibu kwanza, na wewe mwenye kucha ndefu nimekuona.