Mzingo wa poligoni: usiruke upande usio na namba

Karibu. Chukua daftari, penseli na rula tuanze.

Mzingo ni urefu wa kulizunguka umbo mpaka urudi ulipoanzia. Fikiria uwanja wa mpira wa mita 105 kwa 68. Ukiufuata mstari wa chokaa kutoka kibendera cha kona hadi urudi palepale, umetembea 105 + 68 + 105 + 68, yaani mita 346. Ukizidisha 105 kwa 68 umetafuta eneo, na hilo hatujaulizwa.

Poligoni ni umbo bapa lililofungwa kwa pande zilizonyooka. Yenye pande sawa ni rahisi. Pembesita ya upande wa sm 4: 6 × 4, mzingo ni sm 24. Tuendelee.

Sasa tazama kiwanja hiki chenye umbo la L, yaani mstatili uliokatwa kona ya juu kulia. Chini mita 12, kulia mita 4, juu mita 5, kushoto mita 9. Wengi hujumlisha hizo namba nne, wanapata 30, wanafunga daftari. Tafadhali, hesabu pande kwanza! Ziko sita. Mbili hazijaandikwa namba.

Tuzitafute. Pande za kulala: chini ni 12, juu ni 5 tu, kwa hiyo upande uliofichika ni 12 − 5 = 7. Za kusimama: 9 − 4 = 5. Ziandike kwenye mchoro, usizibebe kichwani.

Weka nukta kona ya chini kushoto, kisha zunguka, kila upande ukiupita uutie alama: 12 + 4 + 7 + 5 + 5 + 9. Mzingo ni mita 42.

Hapa ndipo ninapopapenda. Zisukume zile pande mbili za ndani ziende nje. Unapata mstatili wa 12 kwa 9, na mzingo wake ni 42 vilevile! Kona iliyokatwa imepunguza mita za mraba 35 za kiwanja, lakini waya wa uzio haujapungua hata kidogo.

Ila njia hii ni ya pengo la konani. Pengo likiwa katikati ya upande, mambo hubadilika. Chora mstatili uleule wa 12 kwa 9, kata pengo la mstatili katikati ya upande wa juu, upana mita 4, kina mita 3. Sitisha video, zunguka na penseli yako.

Umepata 48? Sawa kabisa: zile 6 za ziada ni kuta mbili za pengo, 3 na 3.