Hela Umetoa Wewe, Ufunguo Wanao Wao

Walionisikia zamani najua mnasema huyu ataanza tena na Ubisoft. Ee, naanza na Ubisoft, kampuni ya magemu, maana leo naongelea kufuli ambazo kampuni zinaweka kwenye magemu tunayonunua. Mwaka 2010 wametoa Assassin's Creed II ya kompyuta, gemu ya mtu mmoja, unacheza peke yako huna mwenzako, lakini lazima uwe na intaneti muda wote, sio wakati wa kuifungua tu, muda WOTE. Uko juu ya paa unataka kuruka, mtandao ukikata na gemu nayo inakata. Mwezi wa tatu mwaka huo huo seva zao, zile kompyuta zao ambazo gemu lazima iwasiliane nazo, zikashambuliwa, watu wametoa hela zao halali wakabaki wanatazama kioo.

Najua kuna mtu ataniambia kampuni zilikuwa zinazuia wizi. Sawa, wizi ni wizi, sijabisha. Ila kreki, yaani gemu iliyovunjwa kufuli, si ilikuja kutoka? Mwizi akawa anacheza zake haulizwi kitu, mwenye risiti ndo anayehojiwa kila saa kama mtuhumiwa!

Na hii ya kusema "gemu ya zamani haifunguki sababu ya Windows mpya" jamani tuiache, mara nyingi gemu yenyewe ni nzima, kilichokufa ni kufuli. Chukua zile za SafeDisc, kufuli la magemu ya diski, linategemea draiva, programu ndogo inaitwa secdrv.sys, iliyojichimbia ndani kabisa ya mfumo, Microsoft wakaitoa kwenye Windows 10 mwaka 2015 kwa ajili ya usalama, na walikuwa sahihi. Sasa diski haina hata mkwaruzo, unabonyeza mara mbili, kimya. Lakini hiyo afadhali, faili unalo, mafundi wanaizunguka. Ya kutegemea seva utaizungukaje? Darkspore, gemu ya kampuni ya EA, seva zilizimwa 2016, hata ukitaka kucheza peke yako huwezi. The Crew, gemu ya Ubisoft, Machi 2024, hivyo hivyo.

Halafu wanakwambia kuondoa sharti la mtandao ni kazi kubwa mno. Gemu ya SimCity ya 2013, ya EA hao hao, si ndo walivyosema? Mwaka uliofuata wakaleta pachi, faili la marekebisho, watu wakacheza bila intaneti.

Naonyeshwa saa, basi nimalizie. Kabla hujanunua angalia kama inachezeka bila mtandao, ikiwepo GOG, duka la magemu la mtandaoni, chukua ya huko haina kufuli, na faili la kuinstolia litunze mwenyewe. Haya maswali, na asiniulize mtu kreki zinapatikana wapi.