Mlinganishi wa Nyota: kubuni mungu wa anga la Nyanda za Juu Kusini

Atupele: Karibuni, tupo Mbeya. Leo ni zamu ya wanaotunga riwaya, katuni na gemu. Tunabuni mungu wa nyota, mwenye kushika mpatano wa mbingu yote. Jina lake la kazi ni Mlinganishi.

Lusajo: Na libaki la kubuni hivyo hivyo, dada Atu. Usimwite Kyala, usimwite Nguluvi. Wanyakyusa wanamwomba Mungu kwa jina hilo la kwanza, Wahehe na Wabena kwa hilo la pili, hadi kanisani. Ukilibandika kwenye gemu, umemkosea mtu anayesali.

Atupele: Haya, jina tunalo. Akae wapi? Watunzi wengi humweka kwenye nyota ya kaskazini, ile isiyosogea.

Lusajo: Huo ni urithi wa hadithi za kaskazini ya dunia. Mbeya iko karibu nyuzi 9 kusini mwa ikweta, kwa hiyo nyota hiyo iko chini ya upeo wa macho mwaka mzima. Sisi tuna ncha ya kusini ya anga, ile nukta ambayo nyota huizunguka, nayo iko nyuzi 9 tu juu ya upeo. Nyoosha mkono, kunja ngumi: upana wa ngumi ni kama nyuzi 10. Kilima kidogo tu kinaifunika, na hata ukiiona hakuna nyota angavu pale.

Atupele: Mungu asiye na kiti, basi.

Lusajo: Asiye na kiti kabisa! Huku karibu kila nyota huchomoza na kuzama. Mlinganishi wa hapa ni mtembezi, na hekalu lake lipangwe mashariki na magharibi, si kaskazini.

Atupele: Kalenda yake ndiyo mimi ningeipa kurasa nyingi zaidi. Nyota ikichomoza leo saa 3:00 usiku, kesho itachomoza saa 2:56. Dakika 4 kila siku. Baada ya siku 15 ni saa 2:00 kamili. Sasa chukua Kilimia, kile kikundi cha nyota kilichobeba neno kulima. Katikati ya Novemba kinachomoza jua linapozama, na mvua za huku ndipo zinapoanza. Mwanzoni mwa Mei kinapotea kwenye mwanga wa jioni, mvua zikiwa zinaisha. Katikati ya Juni kinaonekana tena alfajiri, kipindi cha baridi na ukavu.

Lusajo: Wahenga walishafupisha: Kilimia kikizama kwa mvua, huzuka kwa jua.

Atupele: Kwa hiyo sikukuu kuu ni mbili, ya Novemba jioni na ya Juni alfajiri. Kabla ya hiyo ya Juni kuna wiki kama sita za ukimya, mungu hayupo. Ukiweka sikukuu ya Kilimia usiku wa Mei, msomaji anayejua anga atakukamata. Fungua Stellarium, programu inayoonyesha anga, weka mahali Mbeya, sogeza tarehe, hakiki kila tukio kabla hujaandika.

Lusajo: Tuje kwenye mpatano wenyewe. Usiandike tu kwamba nyota zinaimba. Mpe msomaji hesabu. Chukua ubao, misumari miwili iliyoachana sentimita 60, uzi mmoja wa gitaa. Piga uzi mzima, uite do. Weka kijiti chini ya uzi uache sentimita 30 zilie: do ya juu. Acha 40: so. Wanakwaya watakuelewa mara moja.

Atupele: Kijiti, si kidole?

Lusajo: Kidole kikikandamiza kinavuta uzi, sauti inapanda na hesabu inaharibika. Kijiti kiguse uzi tu, kisiunyanyue.

Atupele: Na angani?

Lusajo: Miezi mitatu inayoizunguka sayari ya Mshtarii, yaani Io, Europa na Ganymede. Ganymede ikizunguka mara 1, Europa imezunguka 2 na Io 4. Kila maradufu ni kama kuukata uzi nusu, kwa hiyo hizo ni do za ngazi tatu. Sayari ya Zuhura nayo, ukiitazama kutoka duniani, hurudia mwendo wake kila siku 584. Mara 5 ni siku 2,920, sawa na miaka 8 ya siku 365. Nane kwa tano: uzi mzima ukiuita mi, acha sentimita 37.5 zilie, unapata do ya juu. Huo ndio wimbo wa Mlinganishi, na unapigika.

Atupele: Lakini mpatano usiokosea hauna hadithi. Mimi ningempa deni. Miezi 12 ya mwandamo ni siku 354, mwaka wa jua 365. Siku 11 hazina mwenyewe. Ndiyo maana Ramadhani inasogea nyuma kila mwaka. Kwa miaka 3 deni ni siku 33: unaingiza mwezi wa 13, na bado zinabaki siku tatu na nusu. Kwa miaka 19 unaingiza miezi 7, jumla 235, na tofauti inashuka hadi kama saa 2.

Lusajo: Saa 2 ambazo makuhani watagombania karne nzima.

Atupele: Hapo ndipo penye riwaya! Halafu, jamani, mwezi mwandamo hauchomozi usiku wa manane. Unaonekana magharibi baada ya jua kuzama, na huku kwetu mara nyingi umelala kama mtumbwi. Mwezi mpevu ndio unaochomoza jua likizama.

Lusajo: Bado kitu kitakatifu. Watu watataka jiwe lililotoka mbinguni.

Atupele: Mfano uko Ndolezi, Mbozi: kimondo cha chuma na nikeli, urefu kama mita 3, uzito unaotajwa ni tani 16. Wala hakikukutwa ndani ya shimo kubwa, tofauti na picha za sinema.

Lusajo: Basi la Mlinganishi liwe limelala tu penye mahindi. Na katika sura ya nne, tafadhali, kuhani mmoja asilibebe begani.